Mbega Hana Kidole Gumba: Sanaa ya Picha na Maumbile Kwetu Kusini mwa Pwani

Kila mwaka katika kurasa hizi sisi husoma mashairi, vitendawili, insha za nidhamu na vichekesho vya bwenini. Mwaka huu nimeomba nafasi niandike juu ya jambo ambalo wengi wetu hulihesabu kuwa ni mchezo wa watalii tu, yaani kupiga picha za wanyama, kuwachora na kuwachonga.

Najua kuna watakaouliza, "Haya yanakihusu vipi Chama cha Kiswahili?" Yanakihusu sana. Malenga akitunga shairi huchagua neno moja na kuacha mengine kumi. Mpiga picha naye huchagua mwanga mmoja, upande mmoja na nukta moja ya wakati, yaliyobaki akayaacha. Wote wawili wanatuambia, "Hivi ndivyo nilivyoona mimi." Hiyo ndiyo sanaa. Tena wahenga walisema kuona ni kusadiki, kwa hiyo mwenye kuonyesha watu picha amebeba amana kubwa.

KUONA KWANZA, PICHA BAADAYE

Tuanze na jirani yetu mbega, ambaye kwa Kidigo huitwa kuluzu. Kila mtu aliyepita barabara ya Diani amemwona akiruka juu ya miti. Lakini hebu nikuulize, msomaji mwenzangu: mkono wa mbega una vidole vingapi? Wengi watajibu vitano bila kufikiri. Jibu ni kwamba mbega hana kidole gumba. Ana kijibonge tu pale ambapo gumba lingekuwa, na vidole vinne virefu vinavyonasa tawi kama ndoana. Ukimchora mbega ukamtia gumba, umemchora kima ukampaka rangi ya mbega.

Jambo la pili ni rangi. Mbega mkubwa ni mweusi tititi, mwenye manyoya marefu meupe mabegani na mashavuni, na ncha ya mkia ni nyeupe pia. Mtoto wake huzaliwa mweupe pepepe, mwili mzima, kisha weusi huja polepole miezi inavyokwenda. Anayejua hilo akiona kitu cheupe kimeshikwa kifuani pa mama, anajua ameona kichanga. Asiyejua atadhani ni mfuko wa plastiki.

Sasa huyu mbega ni mtihani kwa kamera. Kamera, hata ya simu, haina akili ya jicho la binadamu. Yenyewe hupima mwanga wote ulio mbele yake, kisha huamua ifungue kijitundu chake kiasi gani na kwa muda gani. Ikikutana na weusi mwingi hudhani kuna giza, basi huingiza mwanga mwingi. Matokeo yake, yale manyoya meupe huungua yakawa doa tupu lisilo na unywele hata mmoja. Dawa yake ni kupima mwanga penye weupe. Kwenye simu nyingi unagusa kioo pale penye manyoya meupe, au unapunguza mwanga kidogo kabla ya kupiga. Weusi utabaki weusi, na hilo si kosa. Mbega ndivyo alivyo.

Wakati nao una kazi yake. Jua letu la pwani saa sita za mchana hushuka wima, likatia vivuli vikali machoni pa mnyama na kufifiza rangi za majani. Tangu alfajiri hadi kama saa tatu, na tena baada ya saa kumi jioni, mwanga huja kwa mshazari, laini, na kila unywele huonekana. Isitoshe, mbega hula majani, na majani huchukua muda kusagika tumboni, hivyo joto likipanda yeye hukaa tu kupumzika. Mpiga picha mwenye haraka atarudi na picha ya mgongo. Subira yavuta heri.

KAMERA ILIVYOFIKA AFRIKA MASHARIKI

Huenda tunadhani kazi hii ilianza na magari ya watalii. La hasha! Miaka 1903 na 1904, Mjerumani Carl Georg Schillings alizunguka nyanda za Kilimanjaro na kamera kubwa za vioo. Usiku alitega kamba njiani. Mnyama akiigusa, unga wa mwako uliwaka na kamera ikapiga. Picha zake zilichapishwa katika kitabu chake huko Ujerumani, na watu wa Ulaya wakaona kwa mara ya kwanza simba na fisi walivyo gizani, wasipokuwa wameuawa au kufungwa kizuizini. Lakini kumbuka kwamba Schillings huyohuyo alibeba bunduki pia. Zama hizo kamera ilikuwa ndugu mdogo wa bunduki. Hapa Kenya uwindaji wa wanyama pori ulipigwa marufuku mwaka 1977, na tangu hapo mgeni anayetaka kurudi kwao na simba hana budi kurudi na picha.

Ule mtego wa Schillings bado uko, ila siku hizi kamba imeondolewa. Kamera hufungwa kwenye mti na huhisi joto la mwili wa kinachopita. Mwaka 2005, katika milima ya Udzungwa nchini Tanzania, kamera za namna hiyo zilinasa picha za sange mkubwa mwenye uso wa kijivu ambaye wataalamu hawakuwa wakimjua. Walimfuata, wakamchunguza, na mwaka 2008 wakamtangaza rasmi kuwa ni aina mpya. Mnyama mzima aligunduliwa kwa picha! Sasa nani atasema picha ni mchezo?

SHILINGI MGONGONI MWA PAPA

Tushuke baharini. Wavuvi wetu wanamjua papa shilingi, samaki mkubwa kuliko wote duniani, anayeweza kupita mita 10 kwa urefu. Ni mpole, hula vijidudu na visamaki vidogo anavyovichuja majini. Mgongo wake umejaa madoa meupe, na wazee wa pwani hii husimulia kwamba Mungu alipomaliza kumuumba alipendezwa naye, malaika wakamwagia shilingi za fedha mgongoni, ndizo hizo zinazong'aa hadi leo.

Hadithi hii tamu imekutana na elimu kwa njia ya ajabu. Madoa ya kila papa shilingi yamepangika kwa namna yake pekee, kama vile alama za vidole vyetu. Mwaka 2005 wataalamu watatu walichapisha njia ya kuwatambua kwa picha. Unampiga picha ubavuni, nyuma ya matamvua, kisha kompyuta hulinganisha madoa hayo kwa hesabu ambazo awali zilitungwa na wanaanga kwa ajili ya kulinganisha nyota. Kwa hiyo mzamiaji aliyepiga picha leo na mwenziwe aliyepiga nchi nyingine miaka kadhaa baadaye wanaweza kujua kwamba ni papa yuleyule, bila kumtoboa wala kumtia alama.

Pomboo nao hutambuliwa hivyohivyo kwa mapezi ya mgongoni, ambayo huwa na pengo hapa na mkato pale. Ukienda Shimoni, katika hifadhi ya bahari ya Kisite-Mpunguti, picha nzuri kwa mtafiti ni ile inayoonyesha pezi waziwazi. Ile ya pomboo akiruka juu ya mawimbi, tunayoipenda sisi, haimsaidii sana. Angalia basi: kitu kimoja, picha mbili, makusudi mawili. Mtunzi wa mashairi hataona ajabu hapo.

BRASHI NA PATASI

Wasio na kamera wasikate tamaa. Msanii mashuhuri kuliko wote wa wanyama katika Afrika Mashariki hakuwa na kamera wala shule ya sanaa. Huyu ni Edward Saidi Tingatinga, aliyezaliwa mwaka 1932 sehemu za Tunduru, kusini mwa Tanzania. Alikwenda Dar es Salaam kutafuta kazi, na mwaka 1968 akaanza kuchora chui, ndovu na ndege kwa rangi za mafuta, zile zile za kupakia baiskeli, juu ya vipande vya mbao za dari. Alifariki mwaka 1972, akiwa kijana wa miaka 40 tu. Alichora kwa miaka minne hivi, lakini ndugu na wanafunzi wake waliendeleza, na leo "tingatinga" ni jina la mtindo mzima. Ukitembea ufukweni Diani utaona mbao na vitambaa vya mtindo huo vimetandazwa chini ya minazi.

Mwingine ni Jonathan Kingdon, aliyezaliwa Tabora mwaka 1935 na kufundisha sanaa Chuo Kikuu cha Makerere. Kati ya 1971 na 1982 alitoa vitabu saba juu ya wanyama wa Afrika Mashariki, vilivyojaa michoro ya mkono wake: ngozi, misuli, mifupa, hata nyuso za kima za kila rangi. Kwake penseli ilikuwa njia ya kuuliza maswali. Huwezi kuchora mguu wa paa bila kujiuliza goti linakunjika wapi.

Na huku kwetu Msambweni tuna hazina ambayo haiko mbali hata nauli ikusumbue. Makongeni wanaishi Wamakonde, ambao wazee wao walitoka Msumbiji tangu miaka ya 1930 kufanya kazi katika mashamba ya mkonge na miwa. Kwa miaka mingi waliishi bila vitambulisho, hadi mwezi Oktoba 2016 walipotembea kwenda Nairobi kudai haki yao, na serikali ikawatambua kuwa kabila la 43 la Kenya. Walikuwa hawana karatasi, lakini vinyago vyao vya mpingo vilikuwa vinajulikana duniani. Nafikiri hilo ni jambo la kutafakari: kazi ya mikono iliwahi kuvuka mipaka ambayo mwenye mikono hakuruhusiwa kuvuka.

Jirani yetu mmoja ni fundi wa Kimakonde, nami humwita babu ingawa si babu yangu wa damu. Nilimwuliza kwa nini anachonga kasa na pweza wakati wenzake wanachonga simba. Akacheka, akaniambia, "Mjukuu wangu, simba nimemwona kwenye noti na kwenye fulana. Kasa nimemla nikiwa mdogo, kabla hatujakatazwa. Mikono yangu inamjua." Kisha akanionyesha jinsi mpingo ulivyo: ganda la nje ni jeupe, kiini ni cheusi. Kwa kuacha weupe kidogo penye gamba, kasa wake anaonekana kama ndiyo kwanza atoke majini. Rangi hajapaka hata tone. Miti hiyo hukua polepole mno, na ndiyo sababu wachongaji wengi wa pwani siku hizi hutumia mwarobaini, ambao hukua haraka.

SANAA ISIYO NA MNYAMA

Wapo wenzetu ambao majumbani kwao hawatundiki picha za viumbe wenye roho kwa sababu ya dini. Je, hao hawana nafasi katika sanaa ya maumbile? Wanayo, tena ya mbele. Tazama milango ya kale ya Mombasa, Lamu na Unguja: imechongwa maua, mayungiyungi, mitende na minyororo. Tazama kanga ya mama. Umbo lile lililopinda ncha tunaloliita korosho si geni kwa mtu wa Kwale, kwa sababu mikorosho tunaipanda wenyewe. Mkeka wa ukindu nao una mistari iliyopangwa kwa hesabu. Mababu zetu walilitazama jani mpaka wakalijua, kisha wakaligeuza kuwa nakshi. Mwanafunzi anayetaka kuchora mikoko ya Gazi, mizizi yake ikipandana kama vidole vya wazee, hahitaji kuweka kiumbe chochote pale ili iwe sanaa.

SIMBA WA DIANI

Sasa nifike penye uchungu. Hebu pita ufukweni uhesabu picha zinazouzwa. Simba. Twiga. Pundamilia. Mlima wenye theluji na jua jekundu linalozama nyuma ya mgunga. Wallahi, ni nani kati yetu aliyemwona simba Diani? Vijana wetu wenye vipawa wanachora wanyama ambao hawajawahi kuwaona, kwa kunakili picha iliyonakiliwa kutoka picha nyingine, huku juu ya vichwa vyao mbega anawatazama.

Siwalaumu. Binamu yangu ni mmoja wao, na ada yangu ya muhula uliopita ilitoka kwa simba watatu na twiga mmoja. Aliniambia wazi, "Mteja anataka Afrika aliyoiona kwenye televisheni. Nikimchorea palahala ataniuliza ni mbuzi gani huyu." Mwenye njaa hana miiko, na msanii lazima ale.

Lakini tunapoteza nini? Palahala hawapatikani porini popote pengine nchini Kenya ila Shimba Hills, hifadhi iliyotangazwa mwaka 1968, pale juu tu ya mji wa Kwale. Dume ni jeusi linalometameta, tumbo jeupe, pembe zimepinda nyuma kama jambia. Jike ni la rangi ya kahawia. Ni mnyama wa fahari, na ni wetu. Hata hivyo niliwauliza wanafunzi 20 wa shule yetu wamchore palahala. Ni 3 tu waliojua nawauliza nini. Wote 20 waliweza kuchora simba. Kitu kisichochorwa, kisichoimbwa na kisichotajwa hutoweka mara mbili: kwanza akilini, kisha porini. Nacho kikitoweka porini, nani atakililia ikiwa hakuna aliyekuwa akikijua?

PICHA YENYE PANDE MBILI

Tusijidanganye pia kwamba kila picha nzuri ni ya kweli. Ndovu kwenye kalenda ni mtulivu, amesimama majanini. Muulize mkulima wa Kwale aliyeamka akakuta mahindi yake yamelala chini. Mwaka 2005 ndovu wapatao 150 walihamishwa kutoka Shimba Hills hadi Tsavo Mashariki kwa sababu msitu ulikuwa umewaelemea na watu walikuwa wakiumia. Picha inayomwonyesha ndovu bila kuonyesha lile shamba imesema nusu ya maneno.

Kule Mwaluganje, tangu mwaka 1995, Waduruma na Wadigo wenye mashamba walikubali kuiacha ardhi yao iwe njia na makazi ya ndovu, kisha wagawane mapato ya wageni. Hapo tena pana sanaa ambayo ukisimulia watu hucheka: karatasi ya kinyesi cha ndovu! Ndovu hasagi chakula vizuri, kwa hiyo kinyesi chake kimejaa nyuzi za majani. Huoshwa, huchemshwa, hupondwa, hutandazwa juu ya wavu na kuanikwa. Inatoka karatasi ngumu kiasi, isiyo na harufu, yenye vijistari vya nyasi. Fikiria kumchora ndovu juu ya karatasi aliyoianza yeye mwenyewe.

ADABU ZA MPIGA PICHA

Kila sanaa ina miiko. Hii nayo ina yake, na nitaitaja kwa ufupi.

Kwanza, usimlishe tumbili wala kima ili akae upigwe naye picha. Akizoea ndizi ya mkononi, kesho ataipora, atamng'ata mtoto, na kesho kutwa atapigwa mawe au kuuawa. Picha moja imeponza roho.

Pili, usimulike kasa usiku kwa tochi wala mwako wa kamera anapopanda ufukweni kutaga. Huweza kugeuka arudi baharini bila kutaga. Vifaranga wao hufuata mwanga wa bahari, na taa yako huwapoteza njia.

Tatu, omba ruhusa. Kaya Kinondo, kama kaya nyingine za Mijikenda zilizoingizwa na UNESCO katika Urithi wa Dunia mwaka 2008, ni mahali pa ibada na makaburi ya wazee. Mgeni hufungwa kaniki nyeusi na kuongozwa. Mzee akisema hapa hapapigwi picha, hapapigwi. Bibi yangu husema msitu ule umesimama hadi leo kwa sababu kuna watu waliojua kutogusa. Kuna picha ambazo uzuri wake ni kutopigwa.

Nne, sogea kwa macho, si kwa miguu. Mnyama akiacha kula akakutazama, umekaribia mno.

OMBI LANGU

Simu shuleni ni marufuku, nami sitaki kugombana na mwalimu wa zamu. Lakini penseli si marufuku, na uzio wetu una miti, na miti ina wageni kila asubuhi: tumbili, hondohondo, kinyonga, hata komba wakati wa kujisomea usiku. Anayetaka kuanza aanze na kimoja. Amtazame kwa wiki nzima kabla ya kuchora. Ahesabu vidole.

Ombi langu kwa kamati ya chama na kwa mlezi wetu ni dogo. Jalada la jarida letu limekuwa na simba kwa miaka yote ninayoikumbuka. Simba ni mnyama mwema, hana kosa. Hata hivyo toleo lijalo naomba jalada limpate palahala wa Shimba Hills au mbega wa Diani, achorwe na mwanafunzi wa shule hii baada ya kumwona. Pafanywe shindano, wachoraji wote waruhusiwe, na waamuzi waangalie jambo moja kabla ya uzuri: je, huyu aliyechora alitazama?

Na kama atakayeshinda atamleta mbega, tafadhalini waamuzi, anzieni mkononi. Mkikuta kidole gumba, mrudishieni mchoro aende akaangalie tena.